Amri ya Kumtoa Mpangaji Ifike Mpaka Mlangoni

Sufuria la maharage lilikuwa bado la moto. Kijana wa dalali, yule anayetekeleza amri za mahakama na mabaraza, alilibeba kwa kitambaa, akalitua juu ya kochi lililokuwa limeshatolewa nje, kisha akarudi ndani kufuata feni. Ilikuwa saa nne asubuhi, Kigogo, Dar es Salaam, kwenye nyumba ya vyumba sita inayotumia uani mmoja. Uchochoroni yalikuwa yamepangwa magodoro mawili, ndoo za maji, kabati la vyombo na begi la shule lenye daftari zinazochungulia. Majirani walisimama vibarazani mwao, kimya. Mpangaji mwenyewe, mama wa watoto watatu, alikuwa Mabibo, kwenye soko tunaloliita Mahakama ya Ndizi, akiuza nyanya. Alipopigiwa simu kwamba vyombo vyake viko nje, alidhani anataniwa.

Ng'ambo ya uchochoro, juu ya kigoda, alikaa mwenye nyumba. Ni mjane, amekula chumvi nyingi, na kodi ya nyumba ile ndiyo inayomlisha na kumnunulia dawa za presha.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Mimi sikutaka iwe hivi. Nilitaka chumba changu tu."

Aliitoa amri kwenye bahasha ya kaki akanipa niisome. Mpangaji alikuwa anadaiwa kodi ya miezi kumi na moja, shilingi elfu sitini kwa mwezi. Tangu siku bibi alipokwenda baraza la kata mpaka asubuhi ile, ulikuwa umepita mwaka mmoja na miezi mitano. Pesa ya dalali aliikopa kwenye kikoba.

Amri ilikuwa halali, ina mhuri, saini na namba ya shauri. Wala sina neno la kumtetea mtu anayekaa kwenye nyumba ya mjane miezi kumi na moja bila kulipa. Lakini nilipomaliza kuisoma niliona shida ilipo. Mjibu maombi, yaani mpangaji, aondoke na akabidhi nyumba, ndivyo ilivyosema. Haikusema siku wala saa. Haikutaja ni chumba kipi kati ya vile sita. Haikusema vyombo vikishatoka viende wapi, nani aviorodheshe, nani awepo kushuhudia. Hayo yote yalikuwa yameachiwa busara ya dalali na vijana wake wanne.

Hapo ndipo penye kidonda. Kesi za pango jijini hapa zinaweza kuendeshwa vizuri kabisa barazani, zikaja kuharibikia mlangoni. Baraza husikiliza, hupima ushahidi, huandika hukumu, halafu linapofika kwenye tendo zito kuliko yote, la kumtoa mtu na watoto wake ndani ya nyumba, hukabidhi karatasi na kugeuka upande wa pili. Hoja yangu ni kwamba baraza lililotoa amri ndilo lenye wajibu wa kuifuata amri hiyo mpaka kizingitini, na kujua ilitekelezwaje.

Wazee wa jiji hili wanakumbuka enzi za Sheria ya Kudhibiti Kodi za Nyumba ya 1984. Chini ya sheria ile, mwenye nyumba hakuweza kumtoa mpangaji bila amri, na amri haikutoka bila sababu zilizotajwa: kodi haijalipwa, nyumba inaharibiwa, mwenyewe anaihitaji kwa kuishi. Ilifutwa mwaka 2005. Waliotaka ifutwe walikuwa na hoja ya kweli, kwamba kodi zilizobanwa zilimfanya mtu asione faida ya kujenga nyumba ya kupangisha wala kuikarabati aliyonayo. Sikatai. Ila ilipoondoka, pengo lake lilijazwa na sura ya upangaji ndani ya Sheria ya Ardhi ya 1999 na mkataba wowote ambao watu wameandikiana kwenye duka la kutoa kopi. Wengi hata huo hawana. Sheria ya Ardhi inautambua upangaji wa muda mfupi usiozidi mwaka hata ukiwa wa mdomo, na katika jiji ambalo sensa ya 2022 ilihesabu watu 5,383,728, vyumba visivyo na idadi vimepangishwa kwa neno la mdomo, kodi ya miezi sita mkononi na mwezi mmoja wa dalali wa vyumba.

Njia ya mgogoro, kwa maandishi, si ndefu sana. Unaanzia Baraza la Kata. Mpaka 2021 baraza hilo liliweza kutoa uamuzi. Tangu marekebisho ya mwaka huo kazi yake imebaki usuluhishi, na likishindwa kuwapatanisha watu linatoa hati ya kuthibitisha hivyo. Siku 30 zikipita bila suluhu, aliyelalamika anaruhusiwa kusonga mbele hata bila hati. Kisha Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, mwenyekiti na wazee wake wa baraza. Hukumu ikitoka, asiyeridhika ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Aliyeshinda naye anaweza kuomba kukaza hukumu, yaani itekelezwe. Kanuni za mabaraza haya za mwaka 2003 zinasema mwenyekiti akipokea maombi ya kukaza hukumu, atamwamuru aliyeshindwa atii ndani ya siku 14. Zikiisha bila kutii, mwenyekiti anatoa amri ya utekelezaji, na hapo dalali anaingia kazini.

Siku 14 hizo ndizo ninazotaka tuzitazame kwa karibu, maana zinaishia hewani.

Kwa mpangaji, barua ya siku 14 inakuja juu ya rundo la vitisho vya miaka. Amekwisha kuambiwa na mwenye nyumba "mwezi ujao utoke" mara kumi. Amekwisha kuitwa kwa mjumbe, kwa mwenyekiti wa mtaa, kwenye kata. Kila mara alirudi nyumbani akapika na akalala. Kwa hiyo barua hii nayo anaiweka chini ya godoro pamoja na zile nyingine. Hakuna anayemweleza kwamba safari hii ni tofauti, na kwamba kinachofuata si barua bali ni watu. Miaka mingi kumbukumbu na hukumu za mabaraza ya wilaya ziliandikwa kwa Kiingereza, hata pale mashauri yaliposikilizwa kwa Kiswahili. Ni 2021 tu ndipo sheria ilipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama na mabaraza yetu. Nimewahi kumwona baba mtu mzima, fundi seremala, akimpa mtoto wa kidato cha pili amri ya kumtoa yeye mwenyewe, amsomee. Mtoto aliisoma mara mbili, akasema, "Baba, nadhani wanasema tuhame." Yule baba hakumjibu. Aliichukua karatasi, akaikunja, akaitia mfukoni mwa shati, akaendelea kupiga randa.

Kwa mwenye nyumba, siku hizo 14 ni za kuhesabu pesa. Kwa kawaida anayetangulia kutoa gharama ya dalali ni yule aliyeshinda, hata kama baadaye gharama hiyo itahesabiwa kwa aliyeshindwa. Lori lina bei na vijana wa kubeba wana bei. Kama askari wanahitajika, kuna barua na safari za kituoni. Mjane wa Kigogo alikaa na amri yake ndani ya bahasha miezi miwili mizima akitafuta pesa ya kuitekeleza. Katika miezi hiyo miwili mpangaji aliona hakuna kilichotokea, akazidi kuamini kwamba hakitatokea. Ndiyo maana siku ilipofika alikuwa sokoni na maharage yake jikoni.

Kuna kosa jingine ambalo linaanzia mbali zaidi, siku shauri linapofunguliwa. Kanuni zinamtaka anayelalamika aeleze mahali mali ilipo, na mahakama zetu za juu zimesema mara nyingi kwamba amri juu ya mali isiyojulikana mipaka yake haitekelezeki. Sasa chukua faili lolote la mgogoro wa Tandale, Vingunguti au Mbagala. Utakuta "nyumba iliyopo Mtaa fulani, jirani na msikiti". Misikiti mingapi? Nyumba ngapi? Dalali anafika na karatasi, anauliza wapita njia, anaoneshwa. Na hata akiifikia nyumba yenyewe, ina milango minane inayotazamana na uani, kila mlango una familia yake. Kijana wa kubeba hana subira ya kusoma faili. Nimekuta pale Buguruni kitanda cha mpangaji asiyedaiwa hata senti kikiwa nje pamoja na cha anayedaiwa, kwa kuwa walipanga vyumba vinavyopakana na mlango wa mwenzake ulikuwa wazi.

Tiba ya hili ipo ukutani tayari. Mwaka 2022 nchi nzima iliingia kwenye operesheni ya anwani za makazi, nyumba zikapewa namba na barabara zikapewa majina, hata uchochoro ambao haukuwa na jina tangu mkoloni. Kibao kipo juu ya mlango. Sioni kwa nini baraza lipokee leo shauri la pango ambalo halina namba ya nyumba ya anwani hiyo, pamoja na maelezo ya chumba: cha pili kushoto ukiingia uani, chenye dirisha la barabarani. Ni mstari mmoja wa maandishi, nao ungekiacha kitanda cha yule mtu wa Buguruni mahali pake.

Halafu kuna waliomo ndani ambao hawamo kwenye faili. Mume ndiye aliyeandikishiana na mwenye nyumba, mume ameondoka zake, amri inamkuta mke. Au mpangaji mkubwa amepangisha chumba kimoja kwa mwanafunzi wa chuo, na mwanafunzi amelipa kodi yake mpaka Desemba. Kisheria mtu wa namna hiyo anaweza kupeleka pingamizi. Lakini pingamizi linahitaji muda na mtu wa kukuandikia, na anayejua habari ya amri siku vyombo vinapotoka hana hata kimoja.

Wanaoumia zaidi katika kundi hili ni wapangaji wa nyumba iliyowekwa rehani. Mwenye nyumba amekopa benki, ameshindwa kurejesha, notisi zimekwenda kwake na si kwa wapangaji, nyumba imeuzwa. Yeye anaendelea kupokea kodi kwa simu kama kawaida. Siku mnunuzi anapokuja na dalali, mpangaji wa Tabata aliyelipa miezi sita juma lililopita anaambiwa hana haki yoyote humo ndani, akamdai mwenye nyumba aliyemlipa. Na mwenye nyumba huyo simu yake haipatikani. Mnunuzi hana kosa, benki inadai chake, na dalali ana karatasi halali mkononi. Kwa sababu kila mmoja wao yuko sawa kwa upande wake, hakuna anayejiona ana wajibu wa kumwambia mpangaji mapema. Wajibu huo inafaa uwe wa anayetoa amri: kabla hajaitia saini, aulize kwa maandishi nani wanaishi humo.

Wenye nyumba nao wananisoma, na najua wanachotaka kusema. Watasema huku ni kumbeba mdaiwa sugu. Wataniuliza kwa nini mtu aliyeshinda aendelee kubebeshwa masharti, wakati aliyeshindwa amekaa bure mwaka mzima. Nawasikia, na kwa kweli sehemu kubwa ya uchungu wao naibeba mimi pia. Mwenye nyumba wa Dar es Salaam mara nyingi si tajiri. Ni mstaafu aliyejenga kwa kiinua mgongo, ni mama aliyeuza maandazi miaka ishirini mpaka akapata vyumba vitatu. Anapoona haki yake inatembea kwa mwendo wa kobe, ndipo anaponunua kufuli. Anafunga mlango mpangaji akiwa kazini, au anazima umeme kwenye mita ya LUKU iliyo chumbani kwake. Wapo wanaoezua bati la chumba kimoja wakati wa masika, wakiacha vingine. Wapo wanaokodi mabaunsa.

Anayefanya hivyo anavunja sheria. Katiba yetu, ibara ya 16, inampa kila mtu "heshima na hifadhi ya maskani yake", na maskani ya mpangaji ni maskani. Mpangaji aliyegoma hatolewi kwa nguvu ila kwa amri. Hata hivyo nitasema wazi ninavyoamini: mwenye nyumba anayeezua bati tumemtengeneza sisi. Tumempa amri ambayo hajui itatekelezwa lini, kwa bei gani, na kama mpangaji hatarudi usiku dalali akishaondoka. Maana hilo nalo lipo. Vyombo vinatolewa asubuhi, usiku kufuli linavunjwa, vyombo vinarudi ndani, na mwenye nyumba anaambiwa aanze tena kwa maombi mapya barazani. Ukweli ni kwamba amri iliyoandikwa kwa ukamilifu inamlinda yeye kwanza.

Na fujo ya mlangoni haichagui maskini tu. Septemba 2016 jiji zima lilitazama Shirika la Nyumba la Taifa likitoa mali kwenye jengo la klabu ya usiku ya Bilicanas, katikati ya mji, kwa madai kwamba Freeman Mbowe, wakati huo mwenyekiti wa chama cha upinzani CHADEMA, alikuwa na deni la kodi la zaidi ya shilingi bilioni moja. Yeye alilipinga deni hilo na mvutano ukaishia mahakamani. Siingii kwenye siasa zake. Ninachokumbuka ni mali iliyorundikwa kando ya barabara na watu wakipiga picha, wakati pande mbili bado zinabishana kuhusu hesabu. Mbowe alikuwa na mawakili wa kuuliza maswali siku ile ile. Muuza nyanya hana wakili.

Sasa nieleze ninachokitaka, na hakihitaji sheria mpya ya Bunge. Kanuni tayari zinampa mwenyekiti wa baraza mamlaka ya kutoa amri ya utekelezaji anayoona ni ya haki. Siku 14 zikiisha, asitoe karatasi tupu. Awaite wote wawili kwa dakika kumi, na aliyeshindwa asipokuja basi, lakini awe ameitwa. Hapo itajwe siku ya kutoka, na saa. Isiwe mwisho wa juma wakati ofisi zimefungwa na hakuna pa kukimbilia. Kama kuna mtoto anayefanya mtihani wa taifa wiki hiyo, isogezwe mbele siku chache, haitamuua mtu. Mwenyekiti wa mtaa au mjumbe aandikwe kwa jina la cheo chake kama shahidi. Vyombo viorodheshwe, nakala mbili, moja abaki nayo mwenye vyombo, na iandikwe vitahifadhiwa wapi na kwa siku ngapi. Kisha dalali arudi barazani ndani ya juma moja na ripoti: niliingia saa fulani, nilitoa vitu hivi, nilimkabidhi fulani funguo, nimewaacha hawa na vitu vyao mahali hapa.

Ripoti hiyo ina kazi kubwa kuliko inavyoonekana. Tangu 2017 kuna kanuni maalumu za madalali wa mahakama, zinazosema nani ateuliwe, alipwe vipi na aadhibiwe vipi akikosea. Ni kanuni nzuri. Lakini ukimlalamikia dalali kwamba redio yako imepotea au kabati limevunjwa, utathibitisha kwa nini? Kwa neno lako dhidi ya lake. Pasipo orodha hakuna kosa, na pasipo kosa hakuna adhabu, na dalali mwaminifu, ambao wapo na nimewaona wakikunja nguo za watu kwa adabu kabla ya kuzitoa, anabaki kutukanwa pamoja na mwizi.

Niliwahi kuambiwa na mtu anayezijua ofisi hizi kwa ndani kwamba ukimtajia mpangaji siku, atakimbilia Mahakama Kuu kuomba kusimamisha utekelezaji. Naam, na akimbilie. Rufaa peke yake haisimamishi hukumu. Lazima aombe, na lazima awe na sababu za kutosha. Akizikosa, ombi linatupwa na siku inabaki pale pale. Akiwa nazo, basi ni heri zisikilizwe vyombo vikiwa bado ndani. Mpangaji aliyetolewa kimakosa halafu akaja kushinda rufaa anarudishiwa nini? Chumba kina mtu mwingine, godoro lilinyeshewa, mtoto ameshahamishiwa shule ya Chanika kwa shangazi yake.

Siku ile Kigogo mvua ilianza saa saba mchana. Yule mama alikuwa amefika kutoka Mabibo, kilemba kikiwa kimemlegea, amekaa juu ya ndoo katikati ya vitu vyake, hasemi na mtu. Matone yalipoanza kuwa makubwa bibi aliinuka kwenye kigoda chake, akawaita vijana wa kubeba, akawaambia waingize magodoro na begi la shule sebuleni kwake. "Na hilo sufuria," akasema. "Watoto watakula nini?" Wakaingiza. Yule mama alisimama, akachukua ncha moja ya godoro, akasaidia.

Nilimuuliza dalali ataandika wapi kwamba vitu vya mdaiwa vimehifadhiwa sebuleni kwa mdai. Alijikinga chini ya paa, akafungua faili lake na kunionesha fomu. Ilikuwa na nafasi ya jina la mdai, jina la mdaiwa, namba ya shauri na saini yake.